Regina Alipotajwa Kwenye Televisheni

Wifi yangu Regina alikuwa mlipuaji wa mawe katika machimbo ya chokaa, maili tatu kutoka kwetu, Pennsylvania. Kazi alifundishwa na baba yake, na wanaume kumi na wanane wa pale hawakuusogelea mwamba mpaka yeye aseme. Lakini mama yetu alijua kwamba Regina anapiga taipu ofisini. Kaka yangu Stas ndiye aliyemdanganya hivyo tangu siku za uchumba. Baba alikuwa amefia mgodini kwenye mlipuko, na nyumbani kwetu baruti haikutajwa.

Mwaka 1955 ikaja barua kutoka New York, ikimwalika Regina kwenye mchezo wa televisheni. Mchezo wenyewe mtaa mzima tuliutazama kila Jumapili: mgeni anaandika jina lake ubaoni, na watu wanne waliovaa kama wanakwenda harusini wanamhoji mpaka waijue kazi yake. Kila akijibu hapana anapata dola tano, na hapana kumi zikitimia ameshinda. Mtu wa machimbo alikuwa amempendekeza Regina.

Stas alimsihi asiende. Regina alimsikiliza mpaka akamaliza.

"Miaka sita naificha kazi yangu kana kwamba naiba," akasema. "Mimi naenda. Mama mwambie wewe, maana wewe ndiye uliyemdanganya."

Stas hakuthubutu. Jumapili ile tukaketi na mama mbele ya televisheni. Regina akatokea na glavu nyeupe, akaandika jina lake ubaoni. Kazi yake ikaandikwa kwenye kioo ili watazamaji tuijue, lakini mama hakuwa amejifunza kusoma Kiingereza. Akatugeukia. Sisi tukakaza macho kwenye televisheni.

Wale wanne walidhani anatengeneza kofia, kisha keki. Bwana mmoja mwenye nywele nyeupe akauliza kama, akienda kwa Regina kuhudumiwa, angekalishwa kitini. Mtangazaji akasema asingemshauri kukaa, na ukumbi mzima ukaangua kicheko. Hapana zikafika kumi. Ndipo mtangazaji akatamka wazi kwamba bibi huyu hulipua mawe kwa baruti.

Mama akainuka, akazima televisheni, akaingia chumbani kwake.

Ijumaa akavaa koti lake la kanisani, akamwamuru Stas ampeleke machimboni. Nami nikaenda.

Regina hakushtuka kumwona. Alimsimamisha nyuma ya ukuta wa zege, akamwonyesha namna ya kuziba masikio, akaenda kuwasha tambi za baruti. Ardhi ikatikisika, vumbi likapanda. Wanaume walipotaka kutoka, Regina akainua mkono, wote wakasimama.

"Unangoja nini?" mama akamuuliza.

"Nimetega baruti kumi na mbili, mama. Nimesikia kumi na moja."

Akangoja saa nzima, na mama akangoja naye, amesimama vilevile. Kisha Regina akaenda peke yake kwenye shimo ambalo baruti yake haikulipuka, akatega upya, akalipua. Aliporudi, vumbi lilikuwa limemjaa mpaka kwenye nyusi. Mama akatoa kitambaa, akaanza kumfuta uso, polepole.

"Yule mlipuaji wa mgodini kwa mume wangu hakungoja," akasema.

Jumapili, mlangoni mwa kanisa, jirani mmoja akamuuliza mama, kwa sauti ya chini, kama yale ya kwenye televisheni ni kweli.

"Ni kweli," mama akajibu, na hakupunguza sauti. "Mkwe wangu ni mlipuaji. Ukitaka kumwona akifanya kazi, mimi nitakupeleka."