Mideva na Mazishi ya Mgomba

Mideva ni jirani yangu hapa Shieywe, na nikimsifu msinionee gere: kiti anachokalia akiandika nyumbani nilimwazima mimi. Miaka thelathini alipiga chapa barua za wakubwa serikalini. Saa ya chakula wenzake walipotoka kwenda kula, yeye alibaki na mashine akiandika riwaya yake. Wakasema anajivuna. Basi na ajivune, anastahili.

Riwaya yenyewe inamhusu babu yake, Shikanga wa Matungu, aliyechukuliwa na Waingereza mwaka 1942 kwenda kupigana Burma, asirudi. Alimwacha binti wa mwaka mmoja, Awinja, ambaye ndiye mama mzazi wa Mideva. Kwetu mwili usipopatikana, huzikwa shina la mgomba mahali pake. Lakini wazee wa ukoo walikataa katakata. Hakuna barua ya kifo, walisema, na ukimzika aliye hai umemuua. Mama Awinja amefika miaka themanini na minne akiomba jambo hilo moja tu, babake azikwe.

Mwaka jana mtengeneza filamu aitwaye Mike aliipenda riwaya, akamwomba Mideva aiandikie muswada wa filamu. Mideva akatia humo mazishi ya mgomba, na akachagua yafanyiwe Matungu, nyumbani kwa Shikanga. Wazee wakaruhusu, wakisema huo ni mchezo tu wa kamera. Mwanamke huyu ana akili, jamani.

Siku yenyewe mgomba ulivikwa shuka, waigizaji wakaangua kilio. Majirani hawakuwa na habari za filamu. Waliposikia kilio walikuja mbio na kuni, majani chai na kuku, akina mama wakilia machozi ya kweli. Walipoelezwa kwamba ni filamu, waliuliza anayezikwa ni nani. Mideva akawajibu ni Shikanga. Hapo wakaketi, na wale wazee wakavua kofia.

Mike alitaka kuwaondoa kwa sababu ya nguo zao za siku hizi, Mideva akakataa. Mama Awinja akaongozwa hadi ukingoni mwa kaburi, akatupa udongo, akamwita babake kwa jina. Nililia, sioni haya kusema.

Kisha Mike akaomba onyesho lirudiwe tangu mwanzo, kwani honi ya bodaboda ilikuwa imeingia kwenye sauti, na wakati wa vita vile bodaboda hazikuwepo.

Mama Awinja akamgeukia. "Kijana, mtu hazikwangi mara mbili."

Mideva akaufunga muswada, akamwambia Mike azime kamera. Mike akazima.

Filamu ilipoonyeshwa Kakamega mjini, honi ile ilisikika waziwazi na ukumbi mzima ukacheka. Mama Awinja, aliyeketi kati yangu na Mideva, hakucheka. Alimshika bintiye mkono, akasema, "Hapo ndio ulinizikia baba."