Mvivu Aliyejipaka Mchuzi wa Sato

Kwa kina Mihayo, kule Magu, mtoto aliyeshindwa kuimba alitafutiwa mganga. Babu alichonga ngoma. Baba, Mzee Kashindye, alizipiga na kuimba. Mama alitunga maneno ya nyimbo, na Kashindye akala kiapo mbele ya watu kwamba maneno hayo ni yake mwenyewe. Mama alicheka tu, akaendelea kutunga.

Anayetaka kumjua Mihayo lazima kwanza azijue ngoma za kwao. Kila mwaka pamba ikishavunwa, Wasukuma wa pande zile walijigawa makundi mawili, Wagika na Wagalu, wakashindana kucheza. Mashindano yenyewe hayakuwa na refa. Makundi yote mawili yalicheza saa ileile, uwanja uleule, na watu wakaenda walikotaka. Mwisho wa siku mwenye watu wengi ndiye mshindi, na mwenye wachache alifunga ngoma zake akaenda kunywa uji. Tena walitukanana kwa nyimbo, matusi ya kumtaja mtu jina, pua yake na mbuzi wake. Ukitukanwa hupeleki kesi kwa mtemi. Unajibu uwanjani kabla msimu haujaisha, la sivyo tusi linakuwa jina lako mpaka kaburini.

Kashindye alikuwa manju, kiongozi wa ngoma na nyimbo, wa Wagika, na Mihayo alikuwa mwanawe wa pekee. Mtoto wa nyoka ni nyoka, lakini huyu alikuwa nyoka wa namna yake. Sauti alikuwa nayo kidogo, mikono ya ngoma kidogo, ila kuigiza watu, weee! Alipokwenda Mwanza mjini kubeba magunia ya pamba kwenye ghala la Taherali, hazikupita wiki mbili alikuwa anamwigiza tajiri wake mwenyewe, kikohozi, kandambili na yote.

Basi mwaka 1936 akaja Mzungu mmoja na lori la serikali, kazi yake kutengeneza sinema za kuwafundisha watu kilimo. Watu wakamwita Bwana Picha. Alikuwa na mkalimani, karani Seif, mtoto wa mjini mwenye kofia ya kiua na maneno ya kunyoosha. Bwana Picha akauliza dukani kwa Taherali kama kuna kijana anayejua kuigiza.

"Chukua huyu," Taherali akasema. "Huyu iko hatari. Jana amekohoa kama mimi, mke wangu Shamsha ameitika kutoka ndani na chai imeletwa."

Sinema ilikuwa ya wakulima wawili majirani, mmoja mwema, mmoja mvivu. Mihayo alijitayarisha kuwa mwema. Akaoga, akapaka mafuta, akafika Pasiansi walikopanga kupigia picha. Lo! Mkulima mwema alishapewa mwalimu mmoja wa shule, aliyesimama shambani kama amemeza mpini wa jembe. Mihayo akajinyoosha chini ya lori kungoja, usingizi ukampitia, na Bwana Picha akamkuta pale mdomo wazi.

"Bwana anasema," Seif akatafsiri huku akijizuia kucheka, "amempata mvivu wake."

Mihayo alikasirika mpaka masikio yakamwasha. Halafu akakumbuka kwamba mtoto wa manju hachezi nusu. Kama ni uvivu, basi ataucheza uvivu mpaka watu waukimbie. Jioni tatu mfululizo alizunguka mjini kuwatazama wavivu wanavyokaa. Aligundua kwamba mvivu wa kweli hajinyooshi, maana kujinyoosha ni kazi. Aligundua pia kwamba mvivu wa kweli hafukuzi nzi.

Lakini palikuwa na shida. "Usitazame mashine," Seif alimwambia, na Mihayo akaitazama mashine. Wakarudia mara saba, na mara saba akaikodolea. Baba yake alimfundisha tangu utotoni: ukiingia uwanjani yatafute macho ya watu, na ukiyapata usiyaachie. Pale Pasiansi palikuwa na jicho moja tu, nalo la kioo. Sasa afanyeje?

Siku ya pili ya kupiga picha akapita msichana ana beseni la sato kichwani, akasimama nyuma ya Bwana Picha kushangaa. Alikuwa Justa, naye mtu wa Magu, aliyekuwa akikaa Pasiansi kwa shangazi yake. Mihayo alimpenda tangu zamani na hakuficha. Alipomwona tu, kazi ikaisha. Alikuwa na mtu wa kumchezea. Akajikuna kwa ajili ya Justa, akasinzia kwa ajili ya Justa, na Justa akacheka mpaka samaki mmoja akaanguka mchangani.

Ikabaki picha ya nzi. Upepo wa ziwani ulikuwa mkali siku ile na nzi hawakutua.

"Nzi wenyewe wavivu kuliko wewe," Justa akasema. Akaenda kwa shangazi yake, akarudi na mchuzi wa sato kwenye kifuu. "Jipake mdomoni. Ukiona wanakuja usicheke."

Wakaja watatu. Mmoja alitoka kidevuni, akapanda mdomoni, akachungulia puani. Mihayo hakupepesa hata jicho. Bwana Picha alirusha kofia yake juu, na kijana akarudi ghalani kifua mbele, akinuka samaki siku mbili.

Mwaka uliofuata posa ikaenda kwa baba yake Justa, Mzee Ngosha. Mambo hayakuwa mepesi. Ngosha alikuwa Mgalu wa kufa na kuzikwa, mtu ambaye katika maisha yake hakuwahi kuzisogelea ngoma za Wagika hata hatua moja. Kumpa binti yake mtoto wa Kashindye kulimtoa jasho. Lakini Justa alilia, mama yake akasema, wazee wakasema, na mwisho Ngosha akapokea ng'ombe wa mahari akinuna. Arusi ikapangwa baada ya pamba kuuzwa.

Na hapo ndipo lori la sinema likafika Magu.

Likaegeshwa kwenye uwanja wa soko la pamba, kwa jioni tatu za picha ileile. Shuka jeupe likatundikwa, injini ikanguruma, na Seif akasimama na kipaza sauti kueleza yanayoonekana. Watu walijaa mpaka juu ya magunia. Ngosha alikaa mbele kabisa, maana aliambiwa mkwe wake yumo.

Kweli alikuwemo. Alikuwemo akilala huku magugu yakimeza pamba. Alikuwemo akinywa pombe ya mtama huku mkewe wa kwenye picha akibeba kuni. Kisha uso wake ukajaa shuka zima, mkubwa kama nyumba, na yule nzi akapanda kutoka kidevuni mpaka mdomoni polepole, na watu elfu moja wakapiga yowe. Mihayo, aliyesimama nyuma, alisikia furaha ikimpanda mpaka kooni. Hata baba yake hakuwahi kuwapigisha watu yowe kama lile.

Asubuhi akaamshwa na kwato. Ngosha alikuwa amesimama uani na fimbo, na ng'ombe wote wa mahari mbele yake.

"Shikamoo baba," Mihayo akasema.

"Marahaba, lakini usiniite baba. Hesabuni ng'ombe wenu."

"Mzee, ile ni sinema tu. Naigiza."

"Mimi si mjinga, kijana. Najua ni sinema. Yule mwalimu naye si aliigiza? Mbona alionekana anaigiza?" Ngosha akachomeka fimbo ardhini. "Wewe ulilala. Usingizi ule hauigizwi, una mazoezi ya miaka. Nzi amekutembelea mdomoni kama yuko kwake! Mtu asiyemfukuza nzi usoni mwake ndiye atamfukuza fisi mlangoni kwa binti yangu?"

Justa, aliyekuja mbio nyuma ya ng'ombe, akapayuka, "Baba, alijipaka mchuzi wa sato! Mimi ndiye niliyempa!"

Ngosha akafikiri kidogo. "Kwa hiyo ni mvivu, tena mchafu," akasema, akamshika binti yake mkono wakaondoka.

Kufika mchana, watoto wa Magu walikuwa wanalala njiani midomo wazi wakiitana Mihayo. Yeye aliingia ndani akakaa chini, machozi yanamtoka waziwazi. Aliyataka macho ya watu, na sasa ameyapata yote isipokuwa yale mawili aliyoyahitaji.

Kashindye aliingia akakaa karibu naye. Sinema hakuitazama. Alisema ngoma isiyoweza kukuona wewe mtazamaji ni ngoma kipofu.

"Unalia nini? Umetukanwa, si ndiyo?"

"Ndiyo, baba."

"Na nani?"

Mihayo akajipangusa machozi. Kisha akasema, "Na mimi mwenyewe."

"Basi jijibu. Lori lina jioni mbili tu."

Sasa tazama akili ya mzee yule. Kando ya uwanja wa soko palikuwa na shamba la Ngosha. Bwana Shamba wa serikali alikwisha kuamuru miti yote ya pamba iliyovunwa ing'olewe na kuchomwa kabla ya mwisho wa mwezi, wadudu wasizaliane. Watu wote walishang'oa. Ya Ngosha ilikuwa bado imesimama, mikavu, ekari mbili nzima, kwa sababu Ngosha, huyo huyo mchukia wavivu, alikuwa anasingizia kiuno.

"Tutaingia shambani kwake bila ruhusa?" Mihayo aliuliza.

"Shamba la mkwe haliombwi ruhusa."

"Lakini bado si mkwe."

"Ndiyo maana tunaharakisha."

Jioni ya pili walifanya mazoezi. Ya tatu, jua lilipozama, Seif alishika kipaza sauti upande huu, na upande ule Wagika wakaingia shambani na ngoma zao na majembe. Ilikuwa ngoma ya majembe, ambayo mchezaji hulirusha jembe juu, akalidaka, akalishusha ardhini mdundo usipotee. Mbele yao alikuwa Mihayo, kifua wazi. Kila mdundo mti mmoja uling'oka. Na Kashindye, kwa mara ya kwanza tangu aanze kuimba, alitangaza kwa sauti, "Maneno ya leo ni ya mama Mihayo!" Kisha akaimba kwamba yule wa kwenye shuka amelala, njooni mumwone aliyeamka.

Watu wa nyuma waligeuza shingo. Wakageuza mabega. Mmoja akaondoka, wakaondoka kumi. Seif akapaza sauti kuwaita, "Mabwana, picha nzuri iko mbele!" Wapi! Kila mtu wa Magu alikwisha kuelewa nini kinaendelea. Mihayo alikuwa anashindana na Mihayo, na jambo hilo halikuwahi kuonekana tangu Wagika na Wagalu waanze kutukanana.

Miti iliyong'olewa ikarundikwa, na mama yake akaleta kijinga cha moto. Pamba kavu haina subira. Moto ulipaa, uwanja wote ukawa mwekundu, na mwanga ule ukaangukia kwenye shuka. Pale kwenye shuka Mihayo alikuwa ndiyo kwanza analala. Akafifia. Nzi akafifia. Mwisho likabaki shuka tupu linapepea, na mbele yake Ngosha, peke yake, mikono kwenye magoti.

Alikaa vile muda mrefu. Mgalu kuifuata ngoma ya Wagika, mbele ya watu wote! Halafu akasimama, akajipangusa vumbi, akavuka uwanja akiwa ametazama chini kama anayetafuta kitu kilichoanguka. Watu wakampisha. Ngoma zikanyamaza.

Mihayo alikuwa anahema, viganja vimechubuka, jasho linamtiririka. Ngosha akamkazia macho usoni. Hakuna aliyejua anachongoja. Akaja mbu, akazunguka, akatua shavuni kwa kijana.

Paaa! Mihayo akamtandika.

"Amemfukuza," Ngosha akasema.

"Amemuua kabisa, mzee," Kashindye akamsahihisha.

Ngosha akalitazama shamba lake lililosafika, akashika kiuno chake. "Wale ng'ombe," akasema, "kesho walete mapema, kabla jua halijawa kali."

Wakaoana mwezi uleule. Kazi ya sinema Mihayo hakuiacha. Mpaka vita vinakwisha alikuwa ameonekana kwenye shuka mara nyingi, mwizi wa kuku, mlevi, mgonjwa asiyetaka dawa, bwege aliyejenga choo karibu na kisima. Mtu mwema hakupewa hata mara moja. Aliulalamikia uso wake, lakini kila shamba alilokuwa nalo lilipaliliwa mara tatu kwa msimu, maana Magu nzima ilikuwa inatazama.

Mwaka 1946 lori lilirudi na ile picha ya kwanza, imekwaruzika kama imenyeshewa mvua. Kashindye alikwisha kufariki. Ngosha alikaa mbele na wajukuu wake wanne, na uso mkubwa ulipotokea akawaambia kwa sauti ya kusikika mpaka nyuma, "Mnamwona baba yenu? Anaigiza huyo! Mimi nilijua tangu siku ya kwanza."

Akageuka amtazame mkwe wake, apate kuungwa mkono. Mihayo alikuwa ameegemea bega la Justa, amelala fofofo, mdomo wazi, baada ya siku nzima ya kung'oa miti ya pamba. Mbu alikuwa anamtembea mdomoni na yeye hana habari.

Justa akamfukuza yule mbu kwa ncha ya khanga, taratibu, asimwamshe mumewe. Kisha akamtazama baba yake. Ngosha akawageukia wajukuu haraka, akasema, "Tazameni mbele nyie, nzi anakuja."