Kofia Juu ya Simu

Juzi nilikuwa kwa fundi wa simu hapa Kitengela, nikingoja kioo changu, alipoingia mzee mmoja, dalali wa ng'ombe kutoka Bisil. Simu yake ilikuwa imeanza kutuma meseji yenyewe.

"Weka namba ya siri, mzee," fundi akasema.

Mzee alinigeuzia mgongo, akafunika simu kwa kofia, akabonyeza polepole. "Siku hizi watu si wazuri," akaniambia.

Fundi alipekua simu, akaguna. "Hii app ni ya nini?"

"Ya ule mchezo wa kubeti wa kindege kinachopaa na pesa yako. Inatabiri kitatoweka lini, utoe pesa kabla."

"Inasoma meseji zako zote, hata za benki. Nani alikupatia?"

"Mtu fulani wa mtandaoni. Simjui."

"Na ilipokuomba ruhusa?"

"Iliomba mara nyingi. Nikakubali zote, nisionekane mkaidi."

Kumbe kwake mwizi ni mimi niliyekaa naye benchi moja.

Fundi alipotaka kuifuta, mzee akamshika mkono. "Ngoja kidogo. Kwanza iulize ya leo." Kisha akanitazama, akarudisha kofia juu ya simu, nisije nikaiba utabiri.