Dirisha la Juu ya Mlango

Wapo watu wa mtaa wa Rayners Lane, huko Uingereza, wanaomjua Daksha kwa sauti tu. Wanajua kwamba juu ya duka la fundi simu kuna mama wa Kihindi aliyezaliwa Dar es Salaam, na kwamba ukibonyeza kengele yake bila taarifa atafungua dirisha, atautazama utosi wako, kisha atakupa vidonge vyako. Msoma mita ya gesi alishapewa. Watu wa dini waliokuja na vijitabu walipewa kwa Kiingereza na kwa Kigujarati, pamoja na neno moja la Kiswahili ambalo kwa bahati nzuri hawakulielewa. Hata Shiraz, fundi mwenyewe, mpangaji wake asiye na makuu, amepewa mara nyingi. Anasema mama huyu hana dogo, naye anasema kweli.

Lakini mama huyohuyo, mchana ukishapoa, hukaa kwenye kiti kando ya dirisha lile na chai yake ya maziwa, macho nusu yamefumba. Hajalala, na wala hayuko macho. Sauti za barabarani zinaanza kupanda taratibu na kubadilika njiani. Gari la taka likifika dirishani limekwisha kuwa mkokoteni, na mwanamke anayemwita mwanawe kule kituo cha basi anakuwa muuza mboga wa Kisutu, kule Dar es Salaam, anayevuta jina la bamia mpaka linaishia kwenye kona ya mtaa. Daksha anajiona ana miaka sita. Mama yake ameinama kwenye dirisha la ghorofa ya tatu, kamba mkononi, na kikapu kinashuka polepole kikigusagusa ukuta.

Kikapu kile kilikuwa na desturi zake. Akija muuza mboga, kilishuka na hela zilizofungwa kwenye leso. Muuzaji alitia mboga, alichukua chake, akaivuta kamba kidogo, na kikapu kikapanda. Hakuna aliyemwona mwenzake usoni vizuri, na hakuna aliyepanda ngazi. Akija shangazi au binamu, kikapu kilekile kilishuka na leso ileile, ila ndani yake palifungwa ufunguo wa mlango wa chini. Daksha alipenda siku za ufunguo. Alikimbilia ngazini kusikiliza miguu ikipanda, akibahatisha ni ya nani.

Dirisha la Rayners Lane limechomoza nje ya ukuta, limekaa juu ya mlango kabisa. Pravin, mumewe, ndiye aliyelichagua jengo hili walipohama, wakafungua duka la vitambaa chini na kuishi juu. Pravin alikuwa mtu wa maneno. Wenzake walipokuwa wakicheza karata yeye alisoma kamusi, na akipata neno ambalo Waingereza wenyewe hawalijui alifurahi kutwa nzima. Jumapili moja alimpeleka Daksha kutazama ngome moja ya kale huko Kent. Walisimama langoni, akamwambia atazame juu. Ukuta pale juu ulikuwa umetokeza mbele, na sakafu ya sehemu iliyotokeza ilikuwa na matundu. Adui alipofika mlangoni, walinzi walimmwagia mawe na maji ya moto kupitia matundu yale.

"Ukuta wa namna hii una sifa yake," Pravin alisema, na uso wake ukang'aa kabisa. "Unaitwa machicolated."

"Walikuwa na neno zima kwa ajili ya kumwaga maji?"

"Neno zima. Na sikiliza, linawafaa hata watu. Mtu mkali wa kawaida anakufukuza toka mbali, unajua mapema. Huyu anakuacha unakaribia. Anakuacha unafika mlangoni, unainua mkono ubishe, halafu ndiyo anamwaga."

Tangu siku hiyo neno likawa mchezo wao. Karani wa benki aliyewachekea na kuwanyima mkopo alikuwa machicolated. Dada mkubwa wa Pravin, aliyekukaribisha chakula ili akuseme wakati mdomo umejaa, alikuwa hivyo kupita kiasi. Walicheka mpaka Daksha akashika mbavu. Ilikuwa raha kuwa na tusi ambalo anayetukanwa hawezi kulijua.

Halafu binti yao, Bhavini, akampenda Geofrey.

Bhavini ni mfamasia. Walikutana hospitali alikokuwa Geofrey muuguzi, na kilichowaleta pamoja ni Kiswahili, maana Bhavini alikijua kwa kuwasikia wazazi wake wakikitumia walipotaka kutaniana. Msichana wa watu aliona amepata bahati. Alimsimulia mama yake kila kitu kwa fahari, hata kwamba mama mzazi wa Geofrey aliuza mboga Kisutu, na kwamba yeye mwenyewe alipokuwa mdogo alimfuata nyuma na sinia kichwani. Pengine alimtilia mboga bibi, Mummy, alisema Bhavini akicheka. Daksha hakucheka. Alisema amlete tu, waje Jumamosi, atapika.

Wakaja. Geofrey alivaa tai. Walisimama mlangoni, na Geofrey akainua mkono kubonyeza kengele. Pale ndipo Daksha, aliyekuwa ameshika sufuria ya maji ya dengu, alipolifungua dirisha. Mpaka leo hajui kama alikusudia tangu asubuhi au mkono ulimtangulia. Maji yalikuwa ya uvuguvugu, na kwa hilo namshukuru Mungu kwa niaba yake. Yalimwagika yote juu ya kichwa cha Geofrey na kwenye ile tai. Kisha Daksha akasema kwa Kiswahili safi, kwa sauti ileile waliyoitumia wanawake wa maghorofani kuwafukuza wachuuzi:

"Huku juu hatununui."

Mtaa mzima ulisikia, lakini pale chini ni wawili tu walioelewa. Geofrey alijifuta uso, akamshika Bhavini mkono, wakaondoka. Nyuma ya Daksha, Pravin alikuwa amesimama na sahani alizokuwa akizipanga mezani. Alimtazama mkewe, akalitaja lile neno lake la Kent polepole sana, bila kucheka. Hakulitaja tena kwa mtu yeyote mpaka alipokufa. Mchezo ule wa miaka mingi uliishia pale, na Daksha aliumia kuukosa kuliko ambavyo angeumia kwa kufokewa.

Siku walipouchoma mwili wa Pravin, Bhavini alikuja, akamkumbatia mama yake kama mtu anayekumbatia jirani. Geofrey alibaki nje kwenye mvua muda wote wa sala. Daksha alimwona kupitia kioo. Alitaka kumwita, akabaki ndani.

Miaka ikapita hivyo. Magoti ya Daksha yakachoka, ngazi zikawa adui, mboga zikaanza kuletwa na Shiraz. Dirisha ndilo lililobaki.

Kisha mwezi wa tano mwaka huu simu ikalia. Bhavini hakuzunguka.

"Mummy, nina mimba. Miezi saba. Sikutaka kukuambia, Geofrey ndiye kasema you must know. Atakuja Jumapili, yeye, peke yake. Mimi siji. Ukimfungulia yeye, umenifungulia na mimi. Usipomfungulia, basi, nitaacha kuhangaika. Sitapiga tena."

"Atakuja saa ngapi?" ndilo jambo pekee Daksha aliloweza kuuliza.

Jumapili hiyo aliamka alfajiri. Alipika dengu, akapika wali, akaweka sahani mbili, akavaa sari ya kijani ambayo Pravin aliipenda. Alikuwa amekwisha kuamua. Alitaka kumfungulia, alitaka kuliko kitu chochote. Kilichomtatiza ni ngazi. Ile swichi ya kufungulia mlango kutoka juu ilikuwa imekufa tangu majira ya baridi, na kushuka kwake kulikuwa safari. Akiwa amekaa kitini na chai yake, kwenye ule usingizi usio usingizi, alimwona mama yake akiinama dirishani na kamba. Akafungua macho akijua la kufanya, na furaha ikamjaa mpaka kooni. Angempokea kama anavyopokewa jamaa. Alichukua kikapu cha vitunguu, akakitia kamba ya kuanikia nguo, akaufunga ufunguo kwenye leso nyeupe ya Pravin, mafundo mawili, akaulaza ndani.

Geofrey alipotokea upande wa stesheni, akiwa na mfuko mkononi, Daksha alimtambua kwa mwendo. Alikuwa amenenepa kidogo. Alifika mlangoni, akatazama juu mara moja haraka, akasogea nyuma hatua kadhaa. Daksha aliona kule kusogea, kukamchoma. Hakuthubutu kusema kitu, aliiogopa sauti yake mwenyewe. Akafungua dirisha, akakiteremsha kikapu.

Geofrey alikitazama kikishuka. Aliitazama leso na mafundo yake. Daksha huku juu alitabasamu peke yake akingoja aifungue. Mtoto wa Kisutu, aliwaza, anajua kila kitu. Geofrey akainama, akatoa kwenye mfuko bamia na fungu la mchicha na maembe mabichi, akavipanga kikapuni kimoja kimoja kwa adabu, pembeni ya leso. Hakuigusa. Akaivuta kamba kidogo, kama inavyotakiwa.

"Siyo ya kuuza, mama," alisema, sauti yake tulivu kabisa. "Ni zawadi, ametuma Bhavini. Hela yako ibaki."

Akageuka, akaanza kurudi stesheni.

Daksha alivuta kamba kwa sababu mikono yake ilizoea kuvuta. Kikapu kikafika, akaona leso bado imefungwa, na hapo ndipo akaelewa. Mtoto yule aliishi maisha yake yote ya Kisutu upande wa chini wa kamba. Hakuna siku aliyoteremshiwa ufunguo. Hakujua kwamba kikapu huteremsha ufunguo.

Alishika kizingiti cha dirisha, akajaza pumzi amwite. Akaona vichwa vya watu chini, na kichwa cha Geofrey kikienda, na akajua kwamba neno lolote litakalotoka kwenye dirisha hili, hata liwe la mapenzi, kijana yule litamwangukia tu. Akalifumba domo lake. Akaenda kwenye ngazi.

Alishuka kwa makalio. Hakuna namna nzuri ya kulisema hili kuhusu mama wa heshima aliyevaa sari, lakini ndivyo alivyoshuka, kidato kwa kidato, akishikilia ukuta, akinung'unika kwa lugha zake zote tatu. Chini akajiinua kwa kushika kitasa. Mlango ukafunguka, mwanga ukamjaa usoni, na nyuma yake mlango ukajifunga wenyewe. Daksha hakugeuka. Alikuwa amekwisha kuanza kutembea katikati ya watu wa Jumapili, sapatu zikimpwaya, akipita kinyozi, akipita duka la mithai, mkono mmoja mbele kama anayetafuta swichi gizani. Shiraz, aliyekuwa akifunga duka, alimwona akabaki na kufuli mkononi.

Geofrey alikuwa amesimama kungoja taa ya kuvukia. Alihisi mtu amemshika mkono wa koti, akageuka.

"Shikamoo, mama," alisema. Mshangao haukumzuia.

"Marahaba." Daksha alihema kwanza. "Ile leso ilikuwa na ufunguo, Geofrey. Ufunguo wa mlango. Kwetu mtu wa nyumbani ndiye anateremshiwa ufunguo. Hukujua. Ungejuaje, mimi sikukuambia kitu."

Geofrey alimtazama, akatazama kule dirisha lilikokuwa wazi bado, pazia likipepea.

"Sasa uko wapi?"

"Uko juu. Mlango umejifunga." Machozi yalikuwa yakimtoka na hakuyafuta. "Nilikumwagia maji, mwanangu. Ulikuja vizuri, umevaa tai, nikakumwagia maji. Nimekosa. Nimekaa na kosa hilo miaka yote hii na linaniuma, nisamehe."

Taa ya kuvukia ikawaka kijani, watu wakavuka, wao hawakuvuka. Geofrey alivua koti lake, akamtia mabegani, akalivuta vizuri mbele kama muuguzi anavyomfunika mgonjwa. Hakusema amesamehe wala hakusema hajasamehe. Alimshika kiwiko, na kwa mkono mwingine akatoa simu iliyokuwa inalia mfukoni.

Bhavini alikuwa na sauti kubwa, hivyo Daksha alisikia kila neno.

"Vipi? Amekufungulia?"

"Hapana," alisema Geofrey. "Ametoka nje."