Mgongo wa Eino Saarela

Lempi Karvonen alikuwa mama asiyependa maneno. Ukimwamkia asubuhi, ushukuru akikujibu kabla ya chakula cha mchana. Lakini katika mji wetu wa wahamiaji kutoka Finland, kaskazini mwa Michigan, hakuna mgongo wa Mfini, wa kike wala wa kiume, ambao hakuusugua pale kwenye sauna ya mzee Ahola, tunakokaa uchi kwenye joto na kutokwa jasho mpaka tunasahau madeni.

Mzee alipofariki akaja kuirithi sauna mwanawe Wesley, aliyekulia Detroit kwa mama yake. Akachungulia upande wa wanaume, akamwona Lempi na ndoo yake katikati ya wazee uchi. Nusura azimie.

"Haiwezekani!" alituambia. "Huku anatakiwa mwanamume."

Sheria haikumruhusu kumtoa mtu kazini kwa sababu ni mwanamke, isipokuwa apewe ruhusa maalumu na tume ya haki za raia ya jimbo. Na tume haitoi ruhusa kabla ya kumsikiliza mfanyakazi mwenyewe. Wesley alicheka mpaka akashika mbavu. Lempi asikilizwe! Akisema nini? Sisi tuliingiwa na hofu, maana kazi ya upande wa wanawake peke yake isingemlisha hata paka wake.

Kikao kilifanyika ukumbi wa kanisa, kahawa tele. Wesley akamweleza mjumbe wa tume, Bi Prentiss, kwamba wanaume wanaona haya.

"Wanaume gani?"

Akamwonyesha Eino Saarela, aliyekaa mbele kabisa, na ambaye sote tulijua ameahidiwa kuoga bure hadi Krismasi.

"Mama Lempi," akasema Bi Prentiss, "una lolote la kumjibu huyu?"

Lempi akamtazama Eino. "Simjui."

"Humjui vipi?" Wesley akaruka. "Si unamwosha kila Jumamosi!"

"Ageuke."

Eino akageuka. Lempi akayakagua yale mabega, uso ukamchangamka. "Alaa, Eino! Bega la kushoto linaendeleaje?"

"Afadhali kidogo, mama," Eino akajibu, kasahau kabisa yuko upande wa nani.

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Lempi akangoja tunyamaze, kisha akatoa hotuba ndefu kuliko zote maishani mwake.

"Mimi naosha migongo. Huko mbele, kila mtu na lake."

Wesley akanyimwa ruhusa. Alinuna, akanuna, mpaka Jumamosi moja akaingia mwenyewe, kajifunga taulo mbili, akakaa kuuelekea ukuta. Lempi akaiondoa ile ya mabegani, akaanza kumsugua kimya kimya. Ghafla mkono wake ukasimama.

"Mgongo wa baba yako huu," akasema. "Vilevile."

Wesley akainamisha kichwa. Mabega yalianza kumtikisika, naye Lempi akaendelea kusugua, polepole sasa. Nikayamwagia maji yale mawe ya moto yaliyo juu ya jiko la sauna, nikaongeza tena, mvuke ukatanda chumba kizima, na nyuso zetu zote zikalowa.