Siku Niliyokataa Kupiga Mayowe

Asubuhi ile mjini Barawa, baba alikuwa kibarazani akishona makubadhi kama siku zote. Mama alikuwa akinigombeza kwa kuunguza mkate. Nilikuwa na miaka kumi na minne, na jambo kubwa akilini mwangu lilikuwa harusi ya binamu yangu, ambayo nguo zake zilikuwa zimeshashonwa. Vita vya Somalia tulivisikia redioni tu, vikiwa mbali.

Kabla ya adhuhuri magari ya wenye bunduki yaliingia mjini.

Mama alinivuta jikoni, akanipaka masizi usoni na kunifunga kitambaa kikuukuu kichwani. "Wewe ni bubu, na akili huna," aliniambia. "Wakikuuliza jina, usiwe na jina."

Waliingia.

Mmoja aliniinua kidevu kwa mtutu. Nililegeza mdomo, mate yakanitoka. Nilimtazama kama mtu anayetazama ukuta.

Akaniacha.

Nje walimwamuru baba asimame. Alimaliza kwanza kuvuta uzi aliokuwa nao, akakiweka kiatu chini, akaenda nao. Hakugeuka. Mimi na mama tulimwona kupitia dirisha, na hatukutoa sauti, kwa kuwa sauti ingewarudisha ndani.

Tulifika Malindi tukiwa wawili, baada ya njia ndefu nisiyopenda kuisimulia. Bi Rukia wa mtaa wa Shella, ambaye hakutujua hata kwa jina, alitupa chumba cha uani. Watoto wa mtaa walikicheka Kimwini changu, Kiswahili cha kwetu Barawa, kisha wakanizoea. Mama akaanza kupika vitumbua vya kuuza. Nilipokuwa mtu mzima, mamdogo aliyekuwa akiishi Ujerumani aliniita, nikaenda. Mchana nilifanya usafi hotelini; jioni nilijiunga na kikundi cha maigizo, na huko nikagundua kwamba kazi ile nilikuwa nikiijua.

Nimeigiza filamu za Kijerumani zaidi ya miaka ishirini, na Wajerumani wengi hawalijui jina langu. Nimefagia korido za hospitali za uongo. Nimekuwa maiti mtoni, nimebana pumzi. Nimekuwa mkimbizi mara nyingi kuliko nilivyokuwa kweli. Kila nafasi niliipokea, na kila moja niliifanya kwa moyo wote.

Kisha akaja mwongozaji mmoja, mwanamke mpole, aliyekuwa akitengeneza filamu ya vita. Alinipa nafasi kubwa, ya mama wa nyumbani. Wenye bunduki wanapomchukua mumewe, mswada ulisema, mama anapiga mayowe.

Nilimwambia sitapiga mayowe.

Aliniuliza kwa nini. Nikamweleza, mbele ya kila aliyekuwapo, jambo ambalo hata mume wangu sikuwahi kumsimulia. Akasema tufuate njia yangu. Tulipiga picha ya sehemu ile mara moja tu. Mshika kamera alikuwa akilia.

Filamu ilipoonyeshwa Berlin, watu walisimama wakapiga makofi mpaka nikaona haya. Mwaka huo nilipewa tuzo, ya kwanza maishani mwangu.

Mwaka jana niliileta filamu Malindi. Tulitundika shuka nyeupe uani kwa Bi Rukia, majirani wakajaa, nami nikawatafsiria maneno ya Kijerumani. Jina langu lilipotokea, wanawake walipiga vigelegele, na Bi Rukia, mzee sasa, akamwambia kila aliye karibu kwamba nimelelewa kwake. Ilipofika sehemu ya mume kuchukuliwa niliacha kutafsiri. Hakukuwa na neno la kutafsiri.

Mama alikuwa mbele. Filamu ilipokwisha aliniuliza ni nani yule aliyeigiza kama baba. Nilimwambia ni Mturuki wa Berlin.

"Amekaa kama yeye hasa," alisema.

Miaka yote hiyo mama hakukaa eda. Hatukuletewa habari wala hatukuonyeshwa kaburi, na yeye alishikilia kuwa mtu asiye na kaburi ni msafiri. Sasa alinishika mkono.

"Umenitoa kimasomaso, mwanangu," alisema. "Leo nimemuaga. Ijumaa tumsomee khitma marehemu babako."

Sikuwahi kumsikia akimwita marehemu.

Ijumaa majirani walewale walirudi uani, wakakaa palepale walipokaa kutazama filamu, tukamsomea.