Rejista ya Kalamu Mbili

Kwetu Beni, pale Bungulu, hakuna aliyeniambia kwamba nina shaka nyingi. Waliiita akili. Baba alipoteza shamba lake la Mabalako kwa sababu alimwachia karani hati zote bila kudai nakala yenye kashe, ule muhuri wa ofisi, na tangu hapo alitulea kwa somo moja: karatasi iliyopokewa bila kashe umeitupa. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Mimi sikuumwa, ila nilirithi kushtuka.

Nilikuwa mwaka wa pili wa sheria huko Butembo matokeo yalipobandikwa, na jina langu likawa kati ya wanaorudia. Nilikuwa nimeanguka somo moja tu. Mwaka ulipoanza, kanuni ilimruhusu mwenye somo moja kupanda, alirudie huku akiendelea. Kanuni mpya, isiyoruhusu, ilibandikwa baada ya mitihani, pembeni mwa orodha hiyohiyo, gundi yake bado mbichi. Nilicheka kwa hasira. Walidhani sisi ni watoto? Tulikuwa watano tulionaswa na kanuni hiyo, na tulipewa siku tatu za kupeleka barua ya rufaa, ile tunayoita recours.

Asubuhi ya kwanza nilifika ofisini na nakala mbili: moja ya kubaki, moja ya kurudi nami ikiwa imepigwa kashe. Sekretari, mzee mwenye sweta ya kahawia, alipapasa droo.

"Kashe iko na chef wa ofisi, alienda nayo Beni. Acha tu barua, mama, akirudi nitaipiga."

"Hapana, papa. Bila kashe siachi."

"Benzako baliacha."

"Ile ni mambo yabo."

Aliniangalia kidogo, akafungua rejista kubwa, akaandika kitu. Nilinyoosha shingo; akaufunika ukurasa kwa kiwiko. Hapo hapo nikamhukumu. Mtu asiye na la kuficha hafuniki. Nilijua wanataka barua zetu zipotee kimya kimya, kanuni yao ibaki bila mpinzani. Nikiwa njiani kutoka niliwaona wenzangu wanne wakicheka uani, barua zao wameziacha kama watu waachao gunia la maharagwe kwa jirani. Niliwahurumia. Mimi, niliwahurumia wao!

Siku ya pili kashe haikuwepo, na mzee aliandika tena, kiwiko kikiwa palepale. Siku ya tatu nilikaa kwenye benchi mpaka saa ya kufunga. Chef alifika nusu saa baada ya mimi kuondoka. Sekretari alikuwa amemngoja. Barua nne zikapigwa kashe ya tarehe ile. Nakala zangu mbili zilikuwa mkobani mwangu.

Jury, jopo la walimu wa mitihani, ilizisoma zile nne, ikakubali kwamba kanuni haiwezi kumkamata mtu aliyefanya mtihani kabla haijazaliwa. Wenzangu wakapanda. Mimi, niliporudi na barua yangu, niliambiwa nimechelewa. Basi nikaishitaki ofisi mbele ya kamati ya rufaa ya chuo. Baba alipanda kutoka Beni akiwa amevaa koti lake la misa ili anisikilize.

Swali lilikuwa moja tu: je, nilifika ndani ya zile siku tatu? Sekretari akaingia na rejista yake. Alipoifungua niliona kalamu mbili, mistari ya bluu na, katikati yake, mistari myekundu. Moyo ulinidunda kwa furaha. Nimemkamata! Kabla hajasoma neno nilisimama, na kwa Kifaransa changu cha Jumapili nikaeleza kwamba kitabu chenye kalamu mbili kimeongezewa maneno, hakiwezi kuwa ushahidi. Mwenyekiti alitabasamu kama mwalimu anayeona mafundisho yake yakizaa. Akamuuliza mzee kama ana la kusema.

Mzee alinitazama. "Kama mutoto mwenyewe hapana itaka, basi."

Rejista ikawekwa kando. Baba alinitikisia kichwa, macho yakimng'aa.

"Sasa, mademoiselle," mwenyekiti akasema, "utuonyeshe unachothibitisha nacho kwamba ulifika."

Nilifungua mkoba. Zilikuwamo barua mbili zisizo na kashe.

Nilimkuta sekretari kwenye korido. Natamani angekuwa na hasira. Aliweka rejista kwenye kizingiti cha dirisha, akaifungua. Kwa bluu, wale wanne walioacha barua. Kwa nyekundu, jina langu, siku tatu mfululizo, na saa niliyofika: Amekuja na recours. Kashe haiko. Kosa si lake. Baba alisoma pamoja nami, midomo ikimtembea.

"Bic ya rouge njo ya mutu nitamusemea kwa bakubwa," mzee alisema. Kumbe kalamu nyekundu ilikuwa ya mtu wa kutetewa.

"Na juu ya nini ulikuwa unafunika, papa?"

"Chef hapendake niandike kama kashe yake haiko. Na wewe ulikuwa unaangalia sana."

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Tulipofika barabarani Baba aliuliza tu kama nimekula.

Nilirudia mwaka mzima. Kosa si lake: aliandika hivyo mara tatu, na mara zote tatu ilikuwa kweli. Langu nililifanya baadaye, mbele ya kamati, nimesimama wima, kwa Kifaransa kizuri.